Kitovu cha Liyongo: Mighani, Utendi na Fikra za Dini

Mtahiniwa anapoulizwa kuhusu Fumo Liyongo, mara nyingi hukimbilia kuorodhesha sifa za shujaa wa mighani: nguvu, ujasiri, siri ya mauti, usaliti. Orodha hiyo ni sahihi ila haitoshi. Yafaa aonyeshe pia uzito wa dini katika kisa.

Mwalimu wa Nakuru ana bahati. Darasani mwake huketi wanafunzi wa jamii nyingi, na baadhi yao wamekwisha kumsikia Lwanda Magere wa Waluo, aliyekuwa na mwili wa jiwe na udhaifu kivulini. Siri yake ilifichuliwa na mkewe Mnandi. Liyongo naye alidungwa sindano ya shaba kitovuni na mwanawe aliyerubuniwa na mfalme. Huko Ujerumani, utenzi wa Nibelungenlied, uliotungwa mnamo mwaka 1200, unamsimulia Siegfried, aliyeoga damu ya joka akasalia na mahali pamoja laini kati ya mabega. Mkewe alimfunulia adui mahali hapo.

Je, dini i wapi? Katika Nibelungenlied, malkia wawili hugombana mlangoni mwa kanisa, lakini damu ya joka haipewi maana ya Kikristo. Muhammad Kijumwa wa Lamu, aliyeandika utendi wa Liyongo mwaka 1913, anaanza kwa kumtaja Mungu kama ilivyo ada ya tenzi. Hata hivyo, kitovu hakigeuzwi kuwa adhabu ya dhambi. Kwa tungo zote mbili, dini ni fremu; kiini ni mighani.

Samsoni wa Biblia ni tofauti. Nywele zake ni ishara ya nadhiri, na zikinyolewa nguvu humtoka kwa kuwa Mungu amemwacha. Hapa udhaifu wenyewe ni suala la imani.

Basi mtahiniwa asidai kwamba dini ni maudhui makuu kwa sababu tu utendi umefunguliwa kwa dua. Ajiulize: tukiondoa dini, kisa kitasimama? Cha Samsoni kitaanguka. Cha Liyongo kitasimama, kwa kuwa msiba wake ni wa damu na ukoo: kikulacho ki nguoni mwako. Dua ya Kijumwa haikuzaa kisa hicho. Ilimpa shujaa wa kale makao miongoni mwa Waislamu wa pwani. Mtahiniwa akieleza hilo kwa mifano, atakuwa amehakiki, si kuorodhesha.