"Ze" na "Dhe": Mzaha wa Taarifa ya Habari katika Ze Comedy

Katika michezo ya kuchekesha ya televisheni za Tanzania, hapana uwastahilio wanalugha kuliko Ze Comedy, ulioonyeshwa na EATV, na ambao waigizaji wake walihamia TBC1 mwishoni mwa miaka ya 2000 kwa jina la Ze Orijino Komedi. Wako wasemao kwamba waharibu Kiswahili. Lawama hiyo yataka kupimwa.

Mzaha wake bora hauchezei kisa, huchezea umbo. Masanja Mkandamizaji aliposoma habari, desturi ya msomaji ilibaki, bali lafudhi na yaliyosemwa yakageuka. Ndivyo walivyofanya Monty Python wa Uingereza katika BBC, tangu 1969 hata 1974: walimweka mtangazaji na meza yake kondeni, na uzito wa sauti yake ukawa ndio kichekesho. Mtazamaji hutambua ya kuwa heshima ya habari yaweza kutoka katika namna ya kusema, wala si katika ukweli wa jambo. Somo hilo la rejista si uharibifu wa lugha.

Jina, hata hivyo, lina mambo mawili yasiyolingana. "Orijino" si kosa: ni neno la kigeni lililotiwa irabu mwishoni, kama Kiswahili kifanyavyo siku zote. "Ze" ni jambo jingine. Kiunguja, kilichochaguliwa Mombasa mwaka 1928 kuwa msingi wa Kiswahili Sanifu, kina dh: dhahabu, dhambi, dhiki. Aliyelelewa Mangapwani angetamka "dhe" pasipo taabu. Basi anayechekwa hapa si Mswahili aliyeshindwa na Kiingereza, bali yule ambaye lugha ya mama yake haina dh, naye husema "zambi" vilevile.

Hapo ndipo pa kutolea hukumu. Lafudhi ya bara katika kiti cha msomaji wa habari hutuuliza ni nani aliyekiwekea kiti hicho masharti, na swali hilo latuhusu sisi tusanifishao lugha. Lafudhi hiyo hiyo ikitolewa kitini, ikawa yatosha kuchekesha peke yake, huyathibitisha masharti yale yale, na mnyonge ndiye alipaye gharama ya kicheko.