Ngoma ya Mwisho ya Chato

Uigizaji una mtihani mgumu kuliko kumliza mtazamaji, nao ni kumpa mtazamaji alichokuja kukitaka, kisha kumfanya ajutie kukitaka. Vilma Santos, mwigizaji wa Ufilipino, aliufaulu mwaka 1977, katika Burlesk Queen, filamu iliyoongozwa na Celso Ad. Castillo.

Ufilipino ilikuwa imeshazoea sinema za kuchokoza. Mwaka 1970 zilivuma filamu zilizoitwa "bomba", zikajaza kumbi kwa miili mitupu. Rais Marcos alipotangaza sheria ya kijeshi mwaka 1972, zikapigwa marufuku. Watengenezaji nao hawakukosa ujanja: wakawalowesha waigizaji maji, gauni jepesi likawaganda mwilini, na mkaguzi asipate la kukata. Gloria Diaz, Miss Universe wa 1969, alivumisha mtindo huo mwaka 1974, chini ya Castillo huyohuyo.

Vilma hakutoka huko. Aliingia kwenye filamu mwaka 1963, akiwa mtoto, katika Trudis Liit. Akakua mbele ya kamera, akawa kipenzi cha familia, akaruka angani kama Darna, shujaa wa vibonzo. Kukubali kucheza mnenguaji wa jukwaani kulikuwa kuliweka rehani jina zima.

Chato, mhusika wake, ana baba aliyepooza na nyumba isiyo na kitu. Anapanda jukwaani kwa shida, si kwa tamaa. Itazame ngoma yake ya mwisho. Ni mjamzito, na mpenzi wake hayupo tena. Wanaume wanapiga mayowe, mdundo unazidi, na kiuno hakikosei hata pigo moja. Uso uko mbali na kiuno hicho: umechoka, umelowa jasho, umejaa maumivu. Kisha damu inatoka, na mayowe bado yanaendelea. Santos hakucheza nusunusu ili ajitenge na kazi ya Chato. Alicheza kwelikweli, na ndiyo maana aliyelipia kuona mwili alilazimika kumwona mtu.

Mcheza kwao hutunzwa. Kwa Relasyon, filamu ya Ishmael Bernal ya mwaka 1982, alizoa tuzo zote kuu za uigizaji nchini mwake. Mwaka 1998 watu wa mji wa Lipa walimchagua kuwa meya, na mwaka 2007 mkoa wa Batangas ukampa ugavana. Anayedhani filamu za aina ile hazikuhitaji ufundi, aanze na ngoma ya Chato, na amtazame usoni.