Istilahi ya "Usuluhishi" na Njia ya Mahakamani

Mwaka 2021 Bunge lilibadili sheria, Kiswahili kikawa lugha ya sheria na ya mahakama Tanzania Bara. Tangu hapo mzigo wa mfasiri umekuwa mzito zaidi, kwani neno analolichagua si msaada tena wa kumweleza msomaji maana ya sheria. Huenda likawa ndilo sheria yenyewe. Kwa sababu hiyo twapenda kulijadili neno moja ambalo, kwa maoni yetu, limebebeshwa kazi mbili zisizopatana. Neno hilo ni "usuluhishi".

Sura ya 15 ya sheria zetu, iliyotungwa mwaka 1931, na Sheria Na. 2 ya mwaka 2020 iliyochukua nafasi yake, zote mbili kwa Kiswahili huitwa Sheria ya Usuluhishi. Usuluhishi unaokusudiwa humo ni ule ambao wenye shauri humteua mtu nje ya mahakama ili awaamulie, na uamuzi wake huwafunga. Lakini mwaka 2004 Sheria ya Taasisi za Kazi iliunda Tume ya Usuluhishi na Uamuzi. Humo "usuluhishi" ni kuwapatanisha wenye mgogoro pasipo kuwaamulia, na lile jambo la Sura ya 15 limepewa jina la "uamuzi". Mahakama Kuu nayo ina Kituo cha Usuluhishi, ambacho kazi yake ni kupatanisha. Na Sheria ya 2020 ikaanzisha kituo cha waamuzi, nacho kikaitwa cha usuluhishi. Jina ni moja, kazi ni mbili.

Huenda msomaji akaona kwamba hayo ni mabishano ya wanaistilahi tu. Basi na tuchukue mfano wa kubuni kutoka Tukuyu. Mfanyabiashara wa ndizi na viazi ametia saini mkataba wa usafirishaji wenye kifungu kisemacho kuwa migogoro yote "itapelekwa kwenye usuluhishi". Katika Rungwe, wazee wanapousuluhisha ugomvi wa mpaka wa migomba, kila upande una hiari ya kuikubali au kuikataa suluhu. Mtu wetu analielewa neno kwa maana hiyo hiyo. Anapoitwa hahudhurii, akidhani kwamba pasipo ridhaa yake hapana litakaloamuliwa. Shauri linasikilizwa bila yeye, naye analetewa karatasi iitwayo "tuzo", inayomtaka alipe.

Hapo neno la pili linamkwaza. Tuzo, kwa mazoea ya lugha yetu, hupewa mwanafunzi aliyeshinda au msanii aliyesifiwa. Huyu amepewa tuzo ya kushindwa. Anakwenda Mahakama ya Wilaya, iliyo pale pale Tukuyu, ili "akate rufaa". Lakini maombi ya kuipinga tuzo ya biashara, tangu Sheria ya 1931 hadi chini ya Sheria ya 2020, yamekuwa yakisikilizwa na Mahakama Kuu, na masjala iliyo karibu naye iko Mbeya, kiasi cha kilometa 70. Tena si rufaa kwa maana ya kulisikiliza shauri upya. Sheria ya 2020 imetaja milango mitatu: kwamba mwamuzi hakuwa na mamlaka, kwamba kulikuwa na kasoro kubwa katika mwenendo wa shauri, au rufaa juu ya hoja ya sheria. Ni mlango huo wa tatu peke yake uitwao rufaa.

Jirani yake mchuma chai, aliyeshindwa mbele ya Tume, naye ameshika "tuzo". Yeye huelekea Mahakama Kuu, Divisheni ya Kazi, na sheria imempa majuma sita tangu alipokabidhiwa. Lau wawili hawa wangeulizana njia, kila mmoja angempoteza mwenziwe, kwa kuwa karatasi zao zina jina moja. Nao waliopatanishwa wakatia saini makubaliano hawana tuzo ya kupinga kabisa, ijapokuwa wametoka katika "usuluhishi".

Wapo watakaosema kwamba neno la Sura ya 15 limekwisha kota mizizi. Twakubali kwamba mazoea yana nguvu. Lakini maana ya suluhu ina mizizi mirefu zaidi, na ndiyo aliyo nayo raia. Twapendekeza, basi, "usuluhishi" ubaki kwa kupatanisha peke yake, na kule kuamua kuitwe "uamuzi teule", yaani uamuzi wa mtu aliyeteuliwa na wenye shauri. "Uamuzi" pekee hautoshi, kwa kuwa hata mahakama huamua. "Tuzo" yaweza kubaki, mradi isiandikwe peke yake: iwe "tuzo ya uamuzi teule" au "tuzo ya Tume", ili jina lenyewe limwonyeshe mtu mlango wa kubisha. Na "kutengua tuzo" kusichanganywe na "kukata rufaa".

Walimu na wafasiri wanaweza kuanza hata kabla sheria haijarekebishwa, kwa kuandika maelezo mafupi kando ya neno kila linapotokea. Muda wa kupinga haumngoji mtu ajue kwanza maana ya neno.