Kufanana si Kuwa Sawa: Kivumishi "Similar" Mikononi mwa Mfasiri

Noti bandia hufanana na noti halali, lakini si sawa nayo. Kwa upande mwingine, noti moja ya shilingi 100 ni sawa na sarafu tano za shilingi 20, wala hakuna mtu awezaye kudai kuwa vitu hivyo vinafanana. Mchuuzi wa sokoni hahitaji kufundishwa tofauti hii. Siku aisahaupo hula hasara. La kushangaza ni kwamba tofauti ambayo mchuuzi huilinda kwa mali yake, mfasiri huipoteza mara kwa mara katika maandishi, hasa anapokutana na kivumishi cha Kiingereza "similar".

Makala haya yanakusudia kuchunguza maana na matumizi ya kivumishi hicho, na namna Kiswahili kinavyoyabeba matumizi hayo. Hoja inayotetewa ni kwamba Kiswahili hakikosi neno la kufasiria "similar". Kina maneno mengi, na kila moja lina kazi yake. Upungufu uliopo ni wa kamusi na wa mazoea ya kutafsiri, ambayo huyachukua maneno hayo kana kwamba ni neno moja lenye sura nyingi.

1. Kivumishi chenyewe

Neno "similar" liliingia katika Kiingereza kwa njia ya Kifaransa, na asili yake ni Kilatini "similis". Maana yake ina pande mbili. Kwanza, latangaza kuwa vitu vinavyotajwa vina jambo la kuvikutanisha. Pili, lakiri kimyakimya kuwa vitu hivyo ni mbalimbali. Mwingereza akisema kuwa nyumba mbili ni "similar", amekwisha kudokeza kuwa kuna mahali zinapoachana. Lau zingalikuwa hazitofautiani kwa lolote, angalichagua "identical". Na lau ingalikuwa ni nyumba moja tu inayotajwa mara mbili, angalisema "the same".

Matumizi yake yaweza kugawanywa katika mafungu matatu. Fungu la kwanza ni lile la kulinganisha vitu viwili au zaidi vilivyotajwa pamoja. Fungu la pili ni lile la kurejelea: kitu kimoja kinatajwa, na msikilizaji anatakiwa akumbuke kingine kilichokwisha kutajwa, kama asemapo mtu kuwa mwaka uliofuata kulitokea ajali "similar". Fungu la tatu ni la kitaalamu, ambamo neno limewekewa mipaka, kama ilivyo katika hesabu na sheria. Zaidi ya hayo kuna kielezi chake, "similarly", ambacho kazi yake kubwa ni kuunganisha sentensi.

2. Kitenzi -fanana na mahitaji yake

Jambo la kwanza la kuzingatiwa ni kuwa Kiswahili hakikuliweka wazo hili katika kivumishi. Kimeliweka katika kitenzi. Umbo la -fanana ni la kauli ya kutendana. Mzizi -fana, kwa maana ya kuwa kama kitu fulani, hausikiki tena peke yake katika Kiswahili sanifu, ingawa katika Kizulu ungali unatumika hivyo; lakini alama zake zimebaki katika maneno kama mfano na kifani.

Kauli ya kutendana ina sharti lake: yadai pande mbili. Watu hupigana, hupendana, hufanana. Mmoja hawezi kufanya hayo peke yake. Ama pande zote mbili ziwe katika kiima, "nyumba hizi zinafanana", ama upande wa pili uletwe na kiunganishi, "nyumba hii inafanana na ile". Kwa sababu hii maneno kama "alinunua nyumba inayofanana" huliacha sikio likining'inia. Inafanana na ipi? Kiingereza hakioni taabu hapo, kwa kuwa kivumishi chake husimama na jina moja tu na kumwachia msikilizaji alitafute la pili. Anayefasiri neno kwa neno huondoka na kitenzi akakiacha kijalizo chake nyuma.

Katika fungu hili la kurejelea, Kiswahili kina njia yake iliyo fupi na safi: "alinunua nyumba kama hiyo", "nyumba mfano wa hiyo", "ajali ya namna hiyo", "wanyama wengine wa jinsi hiyo". Vivyo hivyo, kielezi "similarly" hakihitaji kugeuzwa kuwa "katika namna inayofanana", usemi ambao umekwisha kuzoeleka katika ripoti na taarifa. Wazee waliandika "kadhalika", "vivyo hivyo" na "hali kadhalika", na hakuna maana iliyopungua.

Mgongano huu wa miundo huenda pande zote mbili. Mwanafunzi wa Afrika Mashariki anayeandika Kiingereza huandika "similar with" mahali pa "similar to". Hakubahatisha. Amekichukua kiunganishi "na" cha "fanana na" akakipeleka ugenini. Mwalimu anayelifuta kosa hilo bila ya kulieleza hupoteza nafasi nzuri ya kufundisha lugha mbili kwa mara moja.

Jambo la pili ni kuwa -fanana haina mpaka wa juu. "Similar" hukoma kabla ya kufika kwenye ukamilifu. -Fanana yaweza kuufikia. Watoto waliofanana pua tu hufanana, na pacha ambao hata jirani huwakosea nao hufanana. Ndiyo maana wale ambao Kiingereza huwaita "identical" Kiswahili huwaita pacha wanaofanana. Kiasi cha kufanana hakimo katika kitenzi; huongezwa na msemaji. Akitaka kupunguza atasema "wanafanana kidogo" au "wanaelekea kufanana". Akitaka kukaza atasema "wamefanana kama shilingi kwa ya pili", au ataacha kulinganisha kabisa na kusema "huyu ni babake mtupu". Kwa hivyo, mahali ambapo mwandishi wa Kiingereza ametegemea ile nusu ya pili ya maana, yaani kukiri tofauti, mfasiri hana budi kuidhihirisha, kwa kuwa -fanana haitamfanyia kazi hiyo.

Jambo la tatu ni kwamba Kiswahili hupenda kujua ni katika nini vitu vinafanana. Sura hufanana au hulandana. Tabia hushabihiana. Bei hukaribiana, na umri vilevile, au watu wakawa wa hirimu moja. Maoni huafikiana. Rangi huoana. Vipimo hulingana, na takwimu huwiana. Vitenzi hivi vyote vimo katika kauli ya kutendana, na kila kimoja kimebeba kipengele chake cha mlingano. Kiingereza huweza kukitumia kivumishi kimoja kwa yote hayo bila ya kueleza lolote. Mfasiri anayeandika "bei zinafanana", "umri unafanana" na "maoni yanafanana" katika ukurasa mmoja hakukosea sarufi. Amefukarisha lugha iliyo tajiri kwa kuifuata iliyomtangulia mezani.

3. Mtego wa neno "sawa"

Neno lililoleta madhara makubwa zaidi ni "sawa". Neno hili, lililotoka katika Kiarabu, hutaja usawa wa kiasi, wa thamani, wa haki au wa hali. Hupima, halichori sura. Binadamu wote ni sawa ingawa hawafanani, na msemo huo haungekuwa na uzito wowote kama kuwa sawa kungemaanisha kufanana.

Hesabu za shule zatoa ushahidi ulio wazi. Katika jometri, pembetatu mbili huitwa "similar" zikiwa na pembe zilizolingana na pande zenye uwiano mmoja. Umbo ni lilelile, ukubwa waweza kuachana. Na wachukuliwe ndugu wawili waliorithi viwanja vya pembetatu. Kiwanja cha kwanza kina pande za mita 30, 40 na 50. Cha pili, mita 60, 80 na 100. Viwanja hivi vinafanana kwa maana kamili ya neno la kitaalamu. Lakini eneo la kwanza ni mita mraba 600, na la pili ni mita mraba 2,400, yaani mara nne. Akitokea mtu akaandika kuwa viwanja hivyo "ni sawa", ndugu mmoja ameonewa kwa neno moja. Nayo "pembetatu sawa" yaweza kueleweka kuwa ni pembetatu yenye pande tatu zilizo sawa, jambo ambalo ni jingine kabisa. Hapa "pembetatu zinazofanana" ndiyo tafsiri ya kufuatwa, mradi mwalimu aeleze kuwa neno la kawaida limepewa mipaka ya kitaalamu.

Yaweza kupingwa kwamba washairi na wasimulizi hutumia "sawa na" katika tashbihi, sambamba na "kama", "mithili ya" na "ja". Ni kweli. Lakini mwenye kusema kuwa shujaa ni sawa na simba anatia chumvi kwa makusudi, na utamu wa usemi wake watokana na kujua kwa kila msikilizaji kuwa shujaa hana manyoya. Tashbihi husimama juu ya tofauti. Tofauti ikiondolewa, hakuna kilichofananishwa. Ruhusa hiyo ya sanaa haiwezi kuhamishwa hadi katika hati ya urithi.

4. Kamusi na mwelekeo wake

Swali la haki ni hili: mfasiri aliyapata wapi mazoea haya? Sehemu ya jibu imo katika historia ya kamusi. Kamusi ya Kiingereza na Kiswahili ya A. C. Madan, iliyotoka mwaka 1894, ilitungwa kwa matumizi ya misheni. Ile ya mwaka 1939, iliyosimamiwa na Frederick Johnson kwa niaba ya Kamati ya Lugha ya nchi za Afrika Mashariki, ilijengwa juu ya msingi huo. Msomaji aliyekusudiwa katika mapokeo hayo alikuwa hasa mzungumzaji wa Kiingereza aliyetaka neno la kumfaa. Kwake, kuwekewa visawe vingi kwa mfuatano, vikitengwa kwa koma, ilikuwa ni msaada: angechagua kimoja, na wenyeji wangemsahihisha.

Leo mtumiaji amegeuka. Aifunguaye kamusi ya namna hiyo mara nyingi ni Mswahili aliye na maandishi ya Kiingereza mbele yake, na hakuna wa kumsahihisha. Kwake koma si maelezo. Akiona "sawa", "mfano mmoja" na "-a kufanana" vimepangwa katika mstari mmoja, ana haki ya kudhani kuwa vyabadilishana. Linalotakiwa katika kidahizo cha aina hii ni sentensi za mfano, na tanbihi fupi ya kueleza ni wapi neno moja huingia na jingine hukataa.

Wapo watakaopendekeza kuwa dawa ni kuunda kivumishi kipya. Lakini umbo lililo karibu, "-fanani", lingegongana na "fanani" wa fasihi simulizi, na hata lingepatikana jingine lisilo na mgogoro, lingekuja kuyafunika maneno yote yaliyotajwa hapo juu. Lugha haitajirishwi kwa kupewa neno moja la kuziba kazi za maneno kumi.

5. Mbele ya sheria

Suala hili si la wanaisimu peke yao. Katiba ya Kenya ya mwaka 2010, katika kifungu cha 7, ilikifanya Kiswahili kuwa lugha ya taifa na mojawapo ya lugha mbili rasmi. Nchini Tanzania, marekebisho ya mwaka 2021 yalikifanya kuwa lugha ya sheria na ya mahakama, huku Kiingereza kikiachiwa nafasi katika hali maalumu. Maandishi mengi ya sheria yaliyoandikwa kwa Kiingereza yanahitaji kutafsiriwa, na "similar" imo ndani yake.

Na ichukuliwe sheria ya kubuni inayoongeza adhabu kwa mtu aliyepata kuhukumiwa kwa kosa "similar". Mfasiri wa kwanza aandika "kosa hilohilo": aliyeiba ng'ombe jana na mbuzi leo huenda akaponyoka. Wa pili aandika "kosa lililo sawa": mahakama yaweza kuanza kupima uzito wa makosa badala ya aina yake. Wa tatu aandika "kosa la namna hiyo", na ndiye aliyekaribia kusudio. Au ichukuliwe kesi ya mfanyabiashara aliyeifunga sabuni yake katika karatasi iliyoelekea ile ya mwenziwe. Swali si kama karatasi hizo ni sawa, kwa kuwa dhahiri si sawa. Swali ni kama zinafanana kiasi cha kumpotosha mnunuzi. Wakili wa mshtakiwa angefurahi sana kuikuta "sawa" katika tafsiri.

6. Hitimisho

Imeonyeshwa kuwa "similar" ni neno moja lenye kazi kadhaa, na kuwa Kiswahili kimezigawa kazi hizo baina ya vitenzi vya kutendana, viunganishi na vielezi. Mfasiri hana budi kujiuliza maswali matatu kabla ya kushika kalamu: ni vitu gani vinavyolinganishwa, na vyote vimetajwa? Vinakutana katika nini: sura, kipimo, tabia au aina? Na je, tofauti iliyobaki ina uzito katika habari hii? Akiyajibu hayo, neno litakuja lenyewe. Asipoyajibu ataandika "sawa", na atakuwa amefanya kama mchuuzi aliyepokea noti kwa kuitazama rangi tu.