Unyago Si Ukeketaji

Baadhi ya wafasiri wa taarifa za afya na sheria wamezoea kuyatumia maneno unyago, tohara ya wanawake na ukeketaji kana kwamba ni kitu kimoja. Mazoea haya hayafai. Unyago ni mafunzo: kungwi humweka mwali ndani, akamfunza kwa nyimbo, ngoma na mafumbo habari za hedhi, unyumba na miiko yake. Kwa Wazaramo na Wamakonde mafunzo hayo hayana kisu.

Neno tohara latokana na Kiarabu, na asili yake ni usafi; aandikaye "tohara ya wanawake" hulisifu tendo analokusudia kulilaumu. Ukeketaji, kutokana na keketa, yaani kukata kwa shida kama kwa kisu kibutu, hutaja jeraha lenyewe.

Jambo hili si dogo. Sheria ya Tanzania ya mwaka 1998 ilifanya ukeketaji wa wasichana walio chini ya umri wa miaka 18 kuwa kosa. Afisa asomaye tafsiri isemayo kuwa unyago umekatazwa atamwona kungwi asiye na hatia kuwa mhalifu, huku ngariba akijificha nyuma ya jina la usafi. Yafaa kila neno libaki na kazi yake.