Tarehe Isiyotajwa: Hisabati na Maiti ya Pili katika Riwaya ya Keigo Higashino

Riwaya ya Keigo Higashino, Yōgisha X no Kenshin (2005), yaani Kujitoa kwa Mtuhumiwa X, humfichulia msomaji muuaji katika kurasa zake za mwanzo. Yasuko, akisaidiwa na bintiye Misato, anamnyonga mtalaka wake Togashi kwa waya wa umeme. Jirani yao Ishigami, mwalimu wa hisabati wa shule ya sekondari, anajitolea kuwaokoa. Uhakiki huu unashikilia kwamba hisabati katika riwaya hii si pambo la mhusika. Ndiyo inayotawala usimulizi, na humo mna nguvu ya kazi hii na doa lake.

Ishigami huwatungia wanafunzi maswali yanayoonekana kuwa ya jiometri ilhali ni ya fanksheni. Mwanafunzi huponzwa na dhana yake mwenyewe kuliko ugumu wa swali. Mpango wa kuficha mauaji una umbo hilohilo. Polisi wa Tokyo wanapopata maiti iliyopondwa uso na kuchomwa ncha za vidole, wanautafuta uongo katika maelezo ya Yasuko kuhusu usiku wa tarehe 10 Machi. Uongo haupo. Togashi aliuawa tarehe 9; maiti ni ya mtu mwingine, aliyeuawa na Ishigami kesho yake.

Msomaji hukosea pamoja na polisi. Sura ya kwanza haitaji tarehe ya mauaji. Tunaipokea kwa wapelelezi, kisha tunairudisha nyuma wenyewe. Mwaka 2006, riwaya ilipopata Tuzo ya Naoki, kulizuka mabishano Japani iwapo ni honkaku halisi, yaani riwaya ya upelelezi inayomtendea msomaji haki kwa kumpa vidokezo vyote. Kwa maoni yetu, kidokezo kikuu kimeanikwa juani. Mwanzoni Ishigami anapita kando ya mto Sumida, wanakolala watu wasio na makazi, na kumwona mgeni mmoja mwenye jarida la kiufundi. Baadaye nafasi yake i tupu. Tulisoma tukadhani ni mandhari.

Mtu huyo hana jina. Ishigami humwita Mhandisi, basi. Katika mlinganyo wake ni kigeu tu, nafasi inayoweza kujazwa na yeyote ambaye hatatafutwa. Usomaji unaoiona riwaya kuwa hadithi ya mapenzi matukufu, usomaji unaochochewa na anwani yenyewe, haujalijibu suala hili: nani hasa aliyetolewa? Mwanafizikia Yukawa, rafiki wa Ishigami tangu chuo kikuu, anamfunulia Yasuko ukweli, naye anakiri kosa lake. Ishigami anapiga yowe. Yowe hilo linamlilia mwanamke aliyeshindwa kuokolewa na uthibitisho uliobomoka. Mhandisi hayumo ndani yake.

Hata kesi inapofumbuliwa, riwaya haimpi jina.