Nyumba Yenye Mifupa: Namna ya Kuikagua Nyumba ya Wazafimaniry

Mtu aliyezoea milango ya Lamu na Unguja akifika kwenye vijiji vya Wazafimaniry, katika milima yenye ukungu kusini-mashariki mwa mji wa Ambositra, Madagaska, jicho lake hukimbilia mchongo. Duara ndani ya duara, nyota, mistari iliyosukana mpaka ubao wote wa dirisha umejaa. Atasifu, na atakuwa ameanzia mwisho. Kwa wenyeji, mchongo ndilo jambo la mwisho nyumba kufanyiwa. Ajuaye kukagua huanzia kwingine.

Kwanza ujue unachokikagua. Wamalagasi ni ndugu wa watu wa visiwa vya Indonesia, na lugha yao ina undugu wa karibu na ile ya Wama'anyan wa Borneo, ingawa kuku wao, akoho, na kondoo wao, ondry, wana majina yaliyovuka bahari kutoka upande wetu. Katika jamii nyingi za jamaa hii ya Waaustronesia, nyumba ndiyo inayowaambia watu wao ni nani na nani ni jamaa yao. Wazafimaniry wamelifikisha jambo hilo mbali: kwao nyumba na ndoa hukua pamoja. Neno la Kimalagasi la maisha ya mume na mke, tokantrano, limebeba trano, yaani nyumba, kama sisi tulivyotoa unyumba katika nyumba. Kwa hiyo unapokagua ubora wa nyumba hii, unakagua pia ndoa imefika wapi.

Nguzo na meko

Ingia ndani, uyaache madirisha kwanza. Tafuta nguzo ya kati na meko. Nguzo huhusishwa na mume, meko na mke, na nyumba nzima husimama juu ya vitu hivyo viwili. Sisi tusemao figa moja haliinjiki chungu hatuhitaji kufafanuliwa zaidi.

Nguzo njema hutokana na kiini cha mti. Wazafimaniry wanalo neno lake, teza: ile sehemu ngumu ya ndani inayobaki baada ya mti wa nje kuoza na kumomonyoka. Mchongaji wa Kimakonde anayeondoa weupe wa mpingo ili aufikie weusi wake ataelewa mara moja. Bonyeza kwa ukucha: kiini hakiachi alama. Gonga kwa kifundo cha kidole: mlio uwe mkavu, usiwe wa kitu chenye uwazi. Kisha inama utazame shina la nguzo linapokutana na sakafu, kwa maana unyevu na wadudu huanzia hapo. Juu ya nguzo hiyo kuna moshi wa miaka mingi. Usiudhanie uchafu, ni dalili kwamba meko hayajawahi kupoa.

Kuta

Hapa ndipo wageni wengi wanapokosea. Nyumba ya wanandoa wapya huwa na kuta za mianzi iliyopasuliwa na kusukwa. Mwanga hupenya, na sauti hupenya pia, hata jirani aliye nje anaweza kuzungumza na walio ndani. Mgeni huiona akasema ni nyumba ya maskini. La, ni nyumba changa. Watoto wanapozaliwa na ndoa inapotulia, mianzi hutolewa kidogo kidogo na mbao nzito kuwekwa mahali pake. Wenyewe husema nyumba inapata mifupa.

Kwa hiyo usidai ukuta wa rangi moja. Mbao zilizopishana kwa umri, nyingine nyeusi kwa moshi na nyingine bado za kahawia, ni ushahidi kwamba nyumba imekua kwa mwendo wake. Na usishangae ukiambiwa kuwa nyumba bora ya kijiji ni ya watu waliokwisha kufa. Wazazi wanapoondoka, watoto na wajukuu huendelea kuiimarisha nyumba ile, na huirudia kutafuta baraka. Fundi aliyeianza hakuona mwisho wake, wala hakutarajia kuuona.

Viungo

Sasa mtazame seremala. Nyumba ya asili hujengwa bila msumari na bila bawaba; ulimi wa ubao mmoja huingia katika tundu la mwingine, na mbao za ukuta husimama wima ndani ya mifereji ya boriti. Ujuzi huu ndio ulioingizwa na UNESCO katika orodha yake ya urithi usioshikika mwaka 2008, baada ya kutangazwa mara ya kwanza mwaka 2003. Sehemu ya ujuzi wenyewe ni kujua miti: kiasi cha aina 20 za miti ya asili hutumika, na kila moja ina kazi yake.

Kiungo kizuri hakipitishi ncha ya kisu. Fungua na ufunge dirisha: linazunguka juu ya vishikizo vya mti, nalo litulie mahali pake bila kulazimishwa. Ukiona msumari, ujue pengine mti haukupatikana au fundi hakupatikana. Misitu imepungua sana, kwa hiyo mhurumie mwenye nyumba kabla ya kumlaumu.

Mchongo, mwishoni

Sasa unaweza kuutazama. Mistari kama utando wa buibui huitwa tanamparoratra, na husemwa kuwa ni vifungo vya jamaa. Ile kama sega la asali ni papintantely, maisha ya pamoja ya kijiji. Hata hivyo mwanaanthropolojia Maurice Bloch, aliyeishi na Wazafimaniry, alipouliza maana ya michongo alijibiwa kwamba haina maana. Inaupa mti heshima. Ukilishika jibu hilo hutapotea. Mchongo ni sifa kwa mti uliokwisha kukomaa, kama kilemba kinavyomfaa mzee.

Basi uliza kwanza: mti huu unastahili? Ubao laini huchongeka kwa kina bila jasho, wakati ubao mgumu hutoa mfereji safi wenye kingo kali, hata ukiwa wa kina kidogo. Tazama pembe ambapo mistari hukutana: patasi isivuke. Fuata mchoro mpaka ukingoni: uishe kwa mpango, usikatwe kama kitambaa. Kisha linganisha madirisha mawili. Fundi wa kweli hana vipande viwili vilivyo sawasawa.

Ukitaka kununua

Ambositra ni mji wa wachongaji na maduka yao. Kigoda, kasha au chombo cha asali kipya ni halali yako: kipime kwa ukucha, kwa mlio na kwa kingo za mfereji, ukilipie bei inayolingana na siku za fundi. Lakini ukioneshwa dirisha kuukuu lililong'oka kwenye nyumba, hata likiwa zuri kuliko yote uliyoyaona, liache. Huo ni mfupa wa nyumba ya watu, na ukining'inizwa ukutani kwako utabaki ubao tu.